Neno Shaghalabaghala na Jamaa Zake



Leo twapenda kuzungumza nanyi juu ya neno moja ambalo kila mmoja wetu amepata kulisikia, walakini si wengi walitumiao mahali pake. Neno lenyewe ni shaghalabaghala. Mwanafunzi akimwuliza mwalimu wake maana ya neno hili, mara nyingi hujibiwa kwa neno moja tu: "Ovyo." Naye huliandika katika daftari lake, huridhika, na tangu siku hiyo maneno mawili yaliyokuwa na kazi mbalimbali huwa kwake kitu kimoja. Sisi twaona ya kuwa jibu hilo limewapotosha watu wengi. Na katika milima ya Usambara, kama tutakavyoeleza, kosa la namna hiyo halikuishia darasani.

Kwanza tulitazame umbo lake. Ni neno refu, na urefu wake ni sehemu ya maana yake. Ulimi huenda, hurudi, hupita tena palepale, kama mtu atafutaye njia katika chumba kilichojaa masanduku. Nusu yake ya pili hufuata sauti ya ile ya kwanza. Ni kweli ya kuwa baghala katika Kiswahili ni nyumbu, na tena ni jina la jahazi kubwa la zamani. Lakini sisi hatuoni humu nyumbu wala jahazi, twasikia mwangwi tu. Waingereza nao wanalo neno la ukoo huu, nalo ni higgledy-piggledy, ambalo lilikuwa limekwisha kuandikwa vitabuni mwao kabla ya mwaka wa 1600. Baadhi yao hudhani ya kuwa ndani yake mna nguruwe, kwa jinsi wanyama hao walalavyo wakirundikana. Basi wao wana nguruwe wao, nasi tuna nyumbu wetu, na yamkini wanyama wote wawili wamesingiziwa.

Watu wengi wa bara hutamka "shagalabagala", kwa kuwa lugha zao hazina sauti ya gh. Msambaa hana udhuru huo. Sauti hiyo imo katika lugha yake mwenyewe: mwanamume kwake ni mghoshi, na mji mkuu wa wafalme wa Kikilindi ulikuwa Vugha. Wageni ndio walioshindwa. Mmisionari Ludwig Krapf, aliyefika huko kwa Mfalme Kimweri mwaka wa 1848, na tena mwaka wa 1852, aliuandika mji huo Fuga.

Sasa twaja kwenye maana. Shaghalabaghala hueleza hali ya vitu kama macho yavionavyo: havikupangwa, kimoja kimelala juu ya kingine, cha kesho kiko mbele ya cha leo. Neno hili halisemi ni nani aliyeviweka hivyo, wala alikuwa na nia gani. Ovyo ni neno la namna nyingine, kwa kuwa humtazama mtendaji. Tukisema, "Amejenga ovyo," tumekwisha kumshtaki fundi ya kuwa hakuijali kazi yake. Na tukisema, "Huyu ni mtu ovyo," hatukusudii vyombo vyake, twakusudia mwenendo wake. Nyumba ya mtu ahamaye huwa shaghalabaghala siku mbili tatu, naye si mtu ovyo. Na karani aweza kupanga majalada yake kwa mstari kama meno ya kitana, kumbe hesabu zilizomo zimefanywa ovyo kabisa.

Tofauti hiyo sisi hatukufundishwa na kitabu. Tulifundishwa na utingo. Siku moja tulikuwa Mombo, chini ya milima, tukingoja basi la kupanda Lushoto. Safari yenyewe si ndefu, ni kama kilomita 33, lakini barabara hupita Soni ikizunguka kona baada ya kona juu ya korongo, na msafiri asiyezoea hufumba macho. Juu ya basi palikuwa na magunia, kitanda, matenga matupu, baiskeli na mabati. Mama mmoja mtu mzima aliitazama mizigo ile, akaguna.

"Mwanangu," akasema, "mmepakia shaghalabaghala namna hii, mzigo wangu utaonekana wapi?"

Utingo akamjibu kwa adabu, "Shikamoo, mama. Mizigo ya Soni iko juu, ya Lushoto iko chini. Mabati tumeyafunga pembeni kwa ajili ya kona. Wewe washuka wapi?"

"Marahaba. Nashuka Soni."

"Basi wako ni lile gunia jeupe. Litatangulia kushuka."

Na kweli, tulipofika Soni gunia jeupe lilishuka kwanza, wala halikugusa kingine. Mama yule alikuwa hakukosea neno: machoni pa abiria mizigo ilikuwa shaghalabaghala. Lakini kama angalisema, "Mmepakia ovyo," angalimdhulumu kijana yule, na yamkini asingalijibiwa kwa upole ule.

Jamaa za neno hili ni wengi, na wengine huonekana sokoni. Mchuuzi anunuapo tenga zima la nyanya kwa bei moja, kubwa na ndogo, nzima na zilizopondeka, bila kuchagua, hununua shelabela. Hapo hapana fujo wala lawama. Ni mapatano ya watu wawili. Hobelahobela ni ndugu wa ovyo, humfaa mtu atendaye jambo pasipo kufikiri lipi litangulie. Segemnege ni la shughuli iliyoanza vema ikapinda katikati, kama harusi ambayo wapishi hawakufika. Mrama ni neno la mabaharia, la chombo kiyumbacho kwa mawimbi. Nalo limepanda mlima, hata watu wasiopata kuiona bahari husema ya kuwa mambo yao yamekwenda mrama. Hayo yatosha, maana kesi kubwa ya neno letu haiko sokoni, iko shambani.

Msafiri atokaye Tanga kwa njia ya Korogwe alipita zamani katikati ya mashamba makubwa ya mkonge, mistari iliyonyoka hata jicho likachoka kuifuata. Akisha kupanda milimani, aliliona shamba la Msambaa, na hapo mistari yote ilikwisha. Mahindi yalisimama kati ya migomba. Maharagwe yalitambaa miguuni pa mahindi. Maboga yalikwenda yatakako. Magimbi yalikaa bondeni penye maji. Na muhogo ulijipenyeza mahali palipobaki nafasi. Tukiulizwa shamba kama hilo lilionekanaje, hatutaogopa kujibu: lilionekana shaghalabaghala.

Lakini je, lilipandwa ovyo? Haya tuyatazame. Mvua ya milimani hupiga kwa nguvu, na tone lianguka kwanza juu ya jani la mgomba, kisha juu ya jani la mhindi, kisha juu ya haragwe, hata lifikapo chini limekwisha kupoteza ukali wake. Mizizi ya maharagwe hutia udongoni chakula ambacho mahindi hukipenda. Maharagwe huvunwa mapema, mahindi baadaye, na muhogo hungoja chini ya udongo hata utakapohitajiwa. Kwa hiyo nyumba haili kwa siku moja na kufa njaa kwa miezi mitatu. Mvua ikikatika na mahindi yakanyauka, liko jingine litakalosalia. Bibi aliyelipanda shamba lile aliweza kukuonyesha kila shina na kukuambia kwa nini liko pale, kama utingo wetu na lile gunia jeupe.

Mwaka wa 1946 serikali ya Kiingereza ya Tanganyika ilianzisha katika bonde la Mlalo mpango wa kuhifadhi udongo, ambao baadaye ulienezwa katika sehemu nyingine za Usambara. Watu waliamriwa kulima kwa matuta yakatayo mteremko, yenye vizuizi vya kuyazuia maji, na mahali pa mteremko mkali paachwe pasilimwe. Hatutaki kumdhulumu Bwana Shamba wa siku zile kama tusivyotaka kumdhulumu mkulima. Udongo ulikuwa ukichukuliwa na maji kweli. Watu walikuwa wameongezeka, na tangu siku za Wajerumani sehemu kubwa ya ardhi ilikuwa imetengwa kuwa misitu ya serikali na mashamba ya walowezi, hata wenyeji wakabanana juu ya miteremko iliyobaki. Mwenye kusema kulikuwa na ugonjwa hakusema uwongo.

Kosa, kwa maoni yetu, lilikuwa katika kulisoma shamba. Jicho lililofundishwa kwa mistari liliona vitu vimechanganyika, likahukumu ya kuwa aliyevichanganya hakujua afanyalo. Hapo ndipo shaghalabaghala ilipogeuzwa kuwa ovyo. Na mtu akisha kuitwa ovyo, hapana haja tena ya kumwuliza neno, huamriwa tu. Matuta yalikuwa kazi nzito, na sehemu kubwa ya kazi hiyo iliwaangukia wanawake, ambao ndio waliokuwa na jembe mkononi siku nyingi za mwaka. Aliyekataa aliweza kupelekwa barazani na kutozwa faini. Watu walinung'unika, kisha wakakataa waziwazi, na katika miaka ya 1950 chuki ile ya matuta iliwapa wanasiasa wa TANU masikio mengi milimani. Mpango ukaachwa kabla ya uhuru wa mwaka wa 1961. Leo katika Lushoto utaona ngazi na makinga maji katika mashamba mengi, na wenyewe wakiyatunza. Kwa hiyo si kweli kwamba Msambaa alichukia kuzuia udongo wake.

Inafaa tuseme pia jinsi Kisambaa chenyewe kinavyolipima jambo hili, kwa kuwa hakilipimi kwa kamba. Kina maneno mawili: kuzifya shi, yaani kuitengeneza nchi, na kubana shi, yaani kuiharibu. Nchi iliyotengenezwa ni ile inayopata mvua, yenye chakula na amani. Iliyoharibiwa ni yenye njaa na ugomvi. Mfalme aliye imara hunena kwa neno la kwanza. Wafalme wawili wakishindana, mvua na nchi yote huingia katika neno la pili. Neno hilo halihusiani na mistari. Shamba laweza kunyoka kama rula katika nchi iliyoharibika.

Na nchi iliharibika kweli, miaka kama themanini kabla ya matuta. Mfalme Kimweri alipokufa mwaka wa 1862, ukoo wa Kilindi uligawanyika. Mwanawe Semboja, aliyekaa Mazinde uwandani, karibu na njia ya misafara, akipata bunduki kwa biashara, alimfukuza mfalme Shekulwavu katika Vugha na kumweka mwanawe mwenyewe, Kimweri Maguvu. Vita vikafuata, na watu wengi wa milimani wakauzwa utumwani. Habari hizo ziliandikwa kwa Kiswahili na Abdallah bin Hemedi, mtu wa pwani aliyeishi Usambara na kumjua Semboja, katika kitabu chake Habari za Wakilindi, kilichochapwa kwa sehemu kuanzia mwaka wa 1895.

Twapata kuwasikia watu wakisema ya kuwa siku zile mambo ya Usambara yalikuwa shaghalabaghala. Sisi hatuwezi kukubali. Mlango ukivunjwa na vyombo vikatupwa njiani, vyungu juu ya mikeka na mikeka juu ya matope, vyombo hivyo viko shaghalabaghala, na neno limepata mahali pake. Lakini Semboja hakupanga vita vyake shaghalabaghala, wala hakutenda ovyo. Alijua akitakacho, alijua bunduki zitoka wapi, na mtu aliyeuzwa alihesabiwa kwa bei yake. Neno la vitu vilivyochanganyika, tukilitumia hapo, humfichia mkosaji kosa lake. Huwa kana kwamba upepo ulipita. Masimulizi ya Wasambaa huziita siku hizo Pato, na katika neno hilo mna mikono ya watu inyakuayo. Lafaa kuliko letu.

Limebaki jambo dogo la sarufi, kwa wale watuandikiao barua na wale wafanyao mitihani. Shaghalabaghala halichukui kiambishi. Husemwa, "Vitabu viko shaghalabaghala," na "Nguo zimetupwa shaghalabaghala," wala hapana "vishaghalabaghala" wala "zashaghalabaghala". Liandikwe neno moja, bila kukatwa katikati, na gh zake zote mbili. Asiyeweza kuzitamka na apande Lushoto, atafute mghoshi mmoja mwenye subira, amwombe amtamkie jina la Vugha.

Na aliye na neno jingine la ukoo huu alisikialo kwao, pwani au bara, na atuandikie, tulisome siku nyingine. Kwaherini.