Waacheni Wapone Pamoja

Msikilizaji, likizo ya Desemba ikifika, vituo vya afya hupokea wavulana wa kutahiriwa. Mtoto huingia asubuhi na baba au mjomba, hupigwa ganzi, na mchana yuko nyumbani kajifunga msuli. Atauguza kidonda chake peke yake, mbele ya televisheni.

Sitaki wembe wa ngariba urudi. Ulikuwa ukitoka kwa mtoto huyu kwenda kwa yule, na wapo waliovuja damu mpaka wakafa. Mwaka 2007 Shirika la Afya Duniani lilipendekeza tohara ya kitabibu baada ya majaribio, mojawapo Kisumu, kuonyesha kwamba inampunguzia mwanamume hatari ya kuambukizwa VVU na mwanamke kwa takriban asilimia 60. Hospitali ni lazima.

Ninacholilia ni kumbi za jando. Kwa Wamakonde, kwa Wayao, na kwa watu wa Pwani, vijana walikaa jandoni wiki kadhaa. Walilala safu moja, wakala pamoja, wakafunzwa nyimbo na adabu na kungwi. Aliyelia usiku alisikika, na asubuhi nani amcheke, ilhali kila mmoja alikuwa na usiku wake wa kulia? Siku ya kutoka, Wamakonde walichezewa ngoma ya mapiko, kijiji kikawapokea. Ndiyo maana mzee wa miaka 70 akikwambia, "Yule nimeingia naye jando," huulizi kwa nini yeye ndiye aliyeshuka kaburini kumpokea mwenzake.

Kijana wa leo ana marafiki: wa kijiweni, wa mpira, wa kubeti. Wa kucheka naye hakosi. Anayekosekana ni yule wa kumwambia, "Marejesho ya pikipiki yamenishinda, usiku silali." Na ulimi wa kusema hivyo haupatikani ukubwani. Mwanamume huupata utotoni, siku alipoumia mbele ya wenzake nao wakamsitiri.

Basi wazazi, semezaneni mtaani mapema. Wapelekeni watano au sita siku moja, kwa daktari mmoja. Kisha tafuteni nyumba yenye nafasi na mzee mnayemwamini, asiyeshika kiboko, walale hapo mpaka wapone. Uji upikeni kwa zamu. Simu zao zibaki kwa mama zao.