Habari za Robert Donat, Mwigizaji wa Uingereza
(Hotuba iliyosomwa mbele ya machifu, walimu na wazee)



Nataka kuwasimulia habari za mtu mmoja wa Uingereza ambaye kazi yake ilikuwa kusema mbele ya watu, hali ulimi wake ulikuwa mzito na kifua chake dhaifu. Jina lake Robert Donat.

Bwana huyu alizaliwa tarehe 18 Machi 1905, mahali paitwapo Withington katika mji wa Manchester. Utotoni alikuwa na kigugumizi. Ninyi walimu mwajua ya kuwa mwenye kigugumizi si mjinga. Neno analijua, ila humkwama kinywani, na wenzake humcheka. Alipokuwa na umri wa miaka kama 11 alianza kwenda kwa mwalimu wa matamshi, Bwana James Bernard, akajifunza kuitawala sauti yake. Hata mwaka 1921, mwenye miaka 16, akapanda jukwaani katika mji wa Birmingham, katika mchezo wa Shakespeare uitwao Julius Caesar. Alipewa sehemu ndogo tu, ya kijana mtumishi. Mwaka 1924 akaingia katika kundi la Sir Frank Benson, lililokuwa likizunguka mji kwa mji likiigiza michezo ya Shakespeare. Humo alidumu miaka minne. Wahenga walisema, mtaka cha mvunguni sharti ainame.

Baadaye akahamia London, na toka huko akaingia katika picha za sinema. Mwaka 1933 alionekana katika picha ya maisha ya Mfalme Henry wa Nane. Mwaka 1934 akaenda Marekani kuigiza hadithi ya Count of Monte Cristo, na picha ile ikapendwa sana. Wamarekani wakamtaka tena, lakini mambo ya Hollywood hayakumpendeza, akarudi kwao. Mwaka 1935 akatokea katika The 39 Steps, picha iliyotengenezwa na Alfred Hitchcock.

Lakini sifa hazikumwondolea maradhi. Donat alikuwa na pumu, ugonjwa uzibao pumzi. Mwaka 1936, walipokuwa wakitengeneza picha ya Knight Without Armour, alishikwa vibaya hata kazi ikasimama. Wenye picha wakafikiri kutafuta mtu mwingine. Ndipo Bibi Marlene Dietrich, aliyekuwa akiigiza pamoja naye, akakataa asibadilishwe. Wakamngoja, akapona, wakaimaliza kazi. Kumbe hata mtu hodari husimama kwa msaada wa mwenziwe.

Huenda mmoja wenu akasema, "Mchezo ni mchezo tu, mtu mzima kujifanya mtu mwingine kuna faida gani?" Basi sikilizeni habari za picha ya mwaka 1939 iitwayo Goodbye, Mr. Chips. Ni hadithi ya mwalimu. Anaanza kufundisha mwaka 1870 akiwa kijana mwoga, na wanafunzi wanamfanyia fujo darasani. Anaoa, kisha mkewe na mtoto wanakufa wakati wa uzazi. Anastaafu, lakini wakati wa vita vya 1914 mpaka 1918 anaitwa tena kuongoza shule. Mwisho anakufa mzee sana, naye hana mtoto wa kuzaa. Watoto wake ni wale vijana wote aliowafundisha. Donat alikuwa na miaka 34 tu picha ilipotolewa, naye aliigiza tangu ujana wa mwalimu huyo mpaka uzee wa miaka zaidi ya 80, akibadili mwendo, mgongo na sauti. Kwa kazi hiyo akapewa zawadi ya Oscar, akiwashinda waigizaji wakuu, hata Clark Gable na Laurence Olivier.

Baada ya hapo kazi nyingi zilimponyoka kwa ajili ya pumu. Hata hivyo mwaka 1948 alikuwa wakili katika The Winslow Boy, na mwaka 1953 akasimama jukwaani katika jumba la Old Vic kuwa Askofu Mkuu Becket. Mwaka 1958, akiwa mgonjwa sana, akaigiza sehemu ya liwali mzee wa Kichina katika The Inn of the Sixth Happiness. Tarehe 9 Juni mwaka huo huo akafariki London, mwenye miaka 53, kabla picha ile haijaonyeshwa. Watu waliisikia sauti yake ikiaga, naye yu kaburini.

Mabwana walimu, labda yumo darasani mwenu mtoto ambaye maneno yanamkwama. Msimcheke, wala msimwache akae nyuma na kunyamaza. Mpeni nafasi asome polepole, tena kila siku. Donat hakupona pumu, lakini ulimi wake ulifunguliwa, kwa sababu palikuwa na mwalimu aliyekubali kumngoja amalize neno.