Kumsaidia Ndugu Aliyeshitakiwa Kumpiga Mkewe

(Hotuba iliyotolewa na mjumbe wa kamati ya suluhu baada ya Sala ya Ijumaa)



Sifa zote njema ni za Mwenyezi Mungu, na rehema na amani zimshukie Mtume wetu Muhammad s.a.w. Wazee wangu, ndugu na dada zangu katika imani, nimeombwa nizungumzie jambo ambalo aghalabu tunalifungia ndani: mke anapomshitaki mumewe kwamba anampiga, na hali ya akili ya huyo aliyeshitakiwa.

Kwanza, msingi uwe wazi. Bibi Aisha r.a. amesimulia kwamba Mtume s.a.w. hakupata kumpiga kwa mkono wake mwanamke wala mtumishi. Nayo Sheria ya Ndoa ya Tanzania ya mwaka 1971, kifungu cha 66, inatamka kwamba hakuna mwenye haki ya kumwadhibu mwenzi wake kwa kipigo, hata mila ikisema vingine. Basi asisimame mtu kuutetea mkono huo kwa jina la dini.

Sasa nawasimulia kosa letu. Miaka kadhaa iliyopita dada mmoja alikuja mbele ya kamati mara mbili. Mara zote tulimwambia asubiri, kwani mumewe alikuwa mtu wa safu ya kwanza. Mara ya tatu alikuja amevunjika mkono. Tukaona haya, na haya yetu tukaigeuza kuwa ghadhabu juu ya mume. Habari zikaenea barazani. Watu wakaacha kumwitikia salamu, wengine wakamwita mwendawazimu. Akaacha kula, akaacha kulala, akaacha msikiti. Usiku mmoja nduguye alimkuta akitaka kujiua. Alhamdulillah, aliwahiwa. Daktari alituambia kuwa ana sonona, iliyomwanza tangu alipopunguzwa kazini.

Je, ugonjwa ule ulifuta kosa lake? La. Wengi wenye sonona hawampigi mtu, na wengi wanaopiga hawaugui chochote. Huyu hakumpiga mkubwa wake wa kazi wala jirani. Alimpiga aliyekuwa chini ya mamlaka yake, mlango ukiwa umefungwa.

Hata hivyo, Mtume s.a.w. alipojiwa na mtu aliyekiri zinaa, hakuharakisha hukumu. Aliuliza kwanza kama ana wazimu. Basi kuuliza hali ya akili ni sehemu ya uadilifu. Ila swali hilo leo hujibiwa na madaktari, si watu wa barazani.

Na Mtume s.a.w. alituamuru tumsaidie ndugu yetu, awe dhalimu au mdhulumiwa. Masahaba walipouliza dhalimu husaidiwa vipi, alifundisha kwamba ni kwa kumzuia asidhulumu. Kwa hiyo naomba tushike mambo matatu.

Mosi, mke na watoto wawekwe mahali salama kabla ya kikao chochote. Aliyeumizwa apelekwe hospitali na polisi, kwenye Dawati la Jinsia na Watoto. Kamati yetu si mahakama.

Pili, habari ichunguzwe, kama inavyotuamuru Sura Al-Hujurat. Mshitakiwa asikilizwe peke yake, wala asitangazwe mitaani.

Tatu, mshitakiwa apewe mtu wa kumtembelea. Akitamka habari za kufa, asiachwe peke yake, apelekwe hospitali. Lakini maneno hayo yasitumiwe kumrudisha mke nyumbani kwa kumwambia kwamba damu ya mumewe iko juu yake. Kumlinda mume huyo ni kazi yetu na ya madaktari.

Dada yule hakurudi kwa mumewe, nasi hatukumlazimisha. Mume alitibiwa, akakiri kosa lake mbele yetu, na anatoa masurufu ya watoto. Laiti tungalimzuia mara ya kwanza, tungaliwasaidia wote wawili.

Mwenyezi Mungu atujaalie kusimamia haki bila upendeleo na bila ukatili. Amin.