Mbegu safi ya muhogo huanzia kwenye ncha
Mazungumzo kwa wakulima wa mihogo, Kaunti ya Busia



Mkulima wa Amukura au Malaba akitaka mbegu ya muhogo haendi dukani kununua pakiti. Huenda kwa jirani, au kwa mjomba aliye ng'ambo ya mpaka upande wa Tororo, akapewa mzigo wa vijiti, akaufunga kwenye boda boda na kurudi nyumbani. Hiyo ni desturi njema. Lakini kijiti cha muhogo ni kipande cha mmea mama, na kama mama ana virusi, kwa kawaida mtoto naye huwa navyo.

Wazee wanakumbuka miaka ya 1990. Batobato kali iliyoanza kuangamiza mihogo nchini Uganda mwishoni mwa miaka ya 1980 ilivuka mpaka na kuingia magharibi mwa Kenya. Majani yalijikunja na kuwa na mabaka ya manjano, mizizi ikabaki myembamba, na wakulima wengi wakaacha kupanda muhogo. Miaka ya 2000 ukaja ugonjwa wa michirizi ya kahawia. Huu ni mjanja zaidi: shamba laweza kuonekana zuri, kisha siku ya kuvuna muhogo ukikatwa, ndani ni kahawia na umeoza. Mwaka mzima wa kazi hupotea, na nyumba hukosa unga wa ugali na uji.

Magonjwa yote mawili huenezwa na nzi weupe na vijiti vilivyoambukizwa. Hakuna dawa ya kunyunyizia inayoondoa virusi ndani ya mmea. Njia ya kupata mbegu safi hutokana na namna mimea inavyokua.

Mmea haukui kila mahali kwa pamoja. Kwenye ncha ya shina, ncha ya mzizi na ndani ya kila jicho la kijiti kuna seli changa ambazo bado hazijapewa kazi. Ni kama unga uliokandwa: waweza kuwa chapati, waweza kuwa mandazi. Seli hizi hugawanyika mara kwa mara, na zinazozaliwa ndizo baadaye huwa jani, shina au ua. Wataalamu huita sehemu hiyo meristemu. Mama anayechuma sukuma wiki anaijua bila kuitaja: huchuma majani ya chini na kuacha moyo wa juu, na mboga huendelea kutoa majani.

Virusi husafiri katika mmea kupitia mirija inayobeba chakula. Kwenye ncha kabisa mirija hiyo bado haijaundwa, kwa hiyo mara nyingi virusi huwa havijafika. Mwaka 1952 wanasayansi wa Ufaransa, Georges Morel na Claude Martin, walitumia ncha hizo kupata maua ya dalia yasiyo na virusi kutoka kwa mimea iliyougua.

Muhogo husafishwa vivyo hivyo. Kwanza mmea huwekwa kwenye joto kwa wiki kadhaa ili kudhoofisha virusi. Kisha mtaalamu hukata ncha isiyofika nusu milimita, akiitazama kwa darubini, na kuiweka katika chupa safi yenye sukari, madini na homoni za mimea. Ikishaota hupimwa, kwa sababu si kila ncha huepuka virusi. Iliyo safi hukatwa na kuzidishwa, miche huzoeshwa hali ya nje polepole, ndipo hupelekwa kwenye mashamba ya mbegu.

Hapa pana jambo ambalo mkulima asilisahau: mmea safi si mmea sugu. Mche uliotoka maabara bila ugonjwa, ukipandwa karibu na shamba lenye batobato, utaambukizwa na nzi weupe. Kwa hiyo mkulima anahitaji vyote viwili: aina inayostahimili magonjwa, na mbegu safi ya aina hiyo.

Ekari moja iliyopandwa kwa nafasi ya mita moja kwa mita moja huchukua takriban vijiti 4,000. Ni busara kuanza na sehemu ndogo ya mbegu safi, mbali na mihogo ya zamani, na kuizidisha. Mmea wenye mabaka ung'olewe mapema. Kijiti kiwe na urefu wa sentimita 20 hadi 30 na macho matano hadi saba. Siku ya kuvuna, mizizi ikatwe na kutazamwa ndani kabla ya kuchagua vijiti vya msimu ujao. Shina ambalo mizizi yake ina kahawia lisipandwe wala kupewa jirani.

Vijiti kutoka ng'ambo visivushwe kwa njia za panya. Sheria inataka kibali na ukaguzi wa KEPHIS, kwa faida ya mashamba ya pande zote mbili. Anayetafuta mbegu aanze kwa afisa wa kilimo wa wadi yake, au aulize katika kituo cha utafiti cha KALRO Alupe, kando ya barabara ya Busia kwenda Malaba.

Mjomba wa Tororo bado ni mjomba. Atembelewe, apewe kuku. Vijiti vikaguliwe kwanza.