Chaneli Iliyobaki Bila Mechi: Kuanzishwa na Kufungwa kwa Leafs TV ya Toronto



Mwishoni mwa Agosti 2022, huko Toronto nchini Kanada, chaneli ya televisheni ya klabu ya hoki ya Toronto Maple Leafs ilizimwa baada ya kuwa hewani kwa takriban miaka 21. Ilianza ikiitwa Leafs TV, ikaishia kuitwa Leafs Nation Network. Mimi nitatumia jina la kwanza, kwani ndilo lililodumu zaidi. Klabu yenyewe haikufilisika. Ni miongoni mwa klabu zenye thamani kubwa kabisa katika ligi ya NHL, na tiketi zake ni ghali hata msimu ambao timu inafungwa ovyo. Sasa chaneli ya klabu tajiri namna hiyo, katika jiji linalouabudu mchezo wenyewe, inakufaje?

Jibu langu nalitoa mapema ili hata watakaotoka kwenda chai wasilikose. Leafs TV ilikufa mwaka 2014, siku ilipopokonywa mechi. Kilichozimwa miaka minane baadaye kilikuwa leseni na studio tu.

Niseme kidogo juu ya mchezo wenyewe, kwa kuwa wengi wetu hoki tunayoijua ni ile ya magongo kwenye nyasi. Hii inachezwa juu ya barafu, sita kwa sita pamoja na kipa, wachezaji wamevaa viatu vyenye vyuma vya kutelezea, wanagombea kisahani cheusi cha mpira mgumu. Hata huku kwetu haukosi wachezaji: jijini Nairobi iko timu ya Kenya Ice Lions, inayofanyia mazoezi kwenye uga mdogo wa barafu wa hoteli ya Panari. Mwaka 2018 kampuni ya mikahawa ya Kanada, Tim Hortons, iliwasafirisha vijana hao hadi Toronto kucheza mechi, na Sidney Crosby na Nathan MacKinnon, nyota wawili wa NHL, wakavaa jezi na kucheza upande wao. Lilikuwa tangazo la biashara, ndiyo, lakini mechi ilichezwa.

Kwa Wakanada mchezo huu ulikua pamoja na utangazaji. Mwaka 1931 Conn Smythe, mkuu wa klabu ya Leafs, alijenga ukumbi wa Maple Leaf Gardens, na humo juu karibu na paa akamwekea mtangazaji Foster Hewitt kibanda chake. Sauti ya Hewitt ilisikika redioni kila Jumamosi usiku nchi nzima, kiasi kwamba watu waliokaa maelfu ya kilomita kutoka Toronto wakawa mashabiki wa Leafs bila kuwahi kuiona timu ikicheza. Mwaka 1952 kipindi hicho kikahamia kwenye televisheni ya taifa, CBC, na kwa jina la Hockey Night in Canada kinaendelea hadi leo. Mwaka 1984 ikaja TSN, chaneli ya kwanza ya michezo tu nchini humo, na mwaka 1998 ikafuata iliyokuja kuitwa Sportsnet. Hizo mbili mzikumbuke. Ndizo zitakazogawana mirathi.

Mlango wa leseni

Novemba 2000 mamlaka ya utangazaji ya Kanada, CRTC, ilifanya jambo ambalo hadi leo wataalamu wa sera wanalizungumza. Teknolojia ya dijitali ilikuwa imefungua nafasi nyingi, na mamlaka ikatoa leseni 283 kwa mkupuo. Kati ya hizo, 21 zilikuwa za daraja la kwanza: kampuni za kebo na setilaiti zililazimika kuzibeba. Zilizobaki 262 zilikuwa za daraja la pili. Mwenye leseni hiyo aliruhusiwa kurusha matangazo, lakini kupata nafasi kwenye kisimbuzi ilikuwa juu yake mwenyewe kwenda kujadiliana. Sehemu kubwa ya leseni hizo haikuwahi kugeuka chaneli. Zilizofaulu zilianza nyingi kwa pamoja, katika wiki ya kwanza ya Septemba 2001, siku chache tu kabla ya mashambulizi ya New York, yaliyoufanya ulimwengu wa matangazo ya biashara ufunge mkoba.

Lakini kuwa daraja la kwanza hakukuwa kinga. WTSN, chaneli ya michezo ya wanawake, ilikuwa na leseni hiyo ya upendeleo, na bado ilifungwa Septemba 2003. Tukumbuke jambo hili tunapoiomba serikali ilazimishe visimbuzi kubeba chaneli fulani. Kubebwa ni kitu kimoja, kutazamwa ni kitu kingine.

Leafs TV ilizaliwa Septemba 2001, ikiwa ya daraja la pili. Mmiliki wake alikuwa kampuni ya klabu, Maple Leaf Sports & Entertainment, kwa kifupi MLSE, chini ya mkurugenzi mtendaji Richard Peddie. Kampuni hiyo ilikuwa pia na timu ya kikapu ya Raptors na ukumbi mpya uliofunguliwa mwaka 1999, na ikaianzishia Raptors nayo chaneli yake. Hesabu yao ilieleweka. Klabu inauza mechi zake kwa chaneli za watu. Chaneli inakusanya ada kwa kila mteja kila mwezi, inauza matangazo ya biashara, inatajirika. Kwa nini klabu isiwe na chaneli yake na faida ile ibaki nyumbani?

Mechi zinavyogawanywa

Hapa naomba subira, kwa sababu kesi yote imejificha ndani ya mikataba. Wakati huo kila timu ya NHL ilicheza mechi 82 katika msimu wa kawaida. Baadhi ziliuzwa na ligi kwa watangazaji wa taifa. Kwa Leafs, mechi za Jumamosi usiku zilikuwa za CBC. Zilizosalia ziliitwa mechi za kikanda, na hizo klabu iliziuza yenyewe, ila zingeonekana tu ndani ya eneo la timu, yaani sehemu kubwa ya jimbo la Ontario. Shabiki wa Leafs aliyekaa Vancouver angeweza kulipia Leafs TV mwaka mzima, na mechi ikianza akakuta picha imezuiwa.

Kwa hiyo wale mashabiki wa nchi nzima ambao Foster Hewitt aliwatengeneza kwa redio, chaneli ya klabu haikuweza kuwapa walichokitaka. Iliwapa mahojiano, mazoezi, uchambuzi na mechi za zamani. Walio Toronto walipata fungu la mechi za kikanda, ambalo MLSE ililitoa kwenye soko na kuliweka kwenye chaneli yake ili watu wajiunge. Mtangazaji wa mechi hizo alikuwa Joe Bowen, sauti ya Leafs tangu 1982, na kwa mashabiki wengi kumsikiliza Bowen peke yake kulitosha kuwa sababu ya kulipa. Fungu hilo dogo la mechi ndilo lililokuwa moyo wa chaneli. Vingine vyote vilikuwa vya kujazia saa.

Udhaifu huo ulionekana mapema. Msimu wa 2004/05 wenye klabu waliwafungia wachezaji milango kwa mvutano juu ya ukomo wa mishahara, na tarehe 16 Februari 2005 kamishna Gary Bettman akatangaza kwamba msimu mzima umefutwa. Ilikuwa mara ya kwanza kwa ligi kubwa ya Amerika Kaskazini kupoteza msimu mzima kwa mgogoro wa kazi. Hebu fikirini mhariri wa vipindi wa chaneli ya hoki mwaka usio na hoki! Uwanjani nako baraka haikurudi haraka: mchezo uliporejea, Leafs walikosa hatua ya mtoano misimu saba mfululizo. Kombe la Stanley la mwisho walilichukua mwaka 1967, na kwa miaka hiyo mingi kanda za zamani zilikuwa tamu kuliko habari za jana usiku. Nafuu moja ilipatikana mwaka 2005, timu ya ligi ya chini ya klabu hiyo ilipohamishwa kutoka St. John's, kisiwani Newfoundland, ikawa Toronto Marlies. Mechi zake zilikuwa halali ya Leafs TV, na kwa maoni yangu hiyo ndiyo kazi ya maana zaidi chaneli ile ilifanya: kuwaonyesha watu wachezaji kabla hawajawa nyota.

Wenye televisheni wanunua timu

Desemba 2011 mfuko wa pensheni wa walimu wa Ontario ulikubali kuuza hisa zake za asilimia 79.5 katika MLSE kwa dola za Kanada bilioni 1.32. Wanunuzi walikuwa kampuni mbili za mawasiliano ambazo kila siku zinagombana sokoni: Bell, wenye TSN, na Rogers, wenye Sportsnet. Biashara ilikamilika Agosti 2012. Kila mmoja akawa na asilimia 37.5, na zilizobaki 25 zikawa za mfanyabiashara Larry Tanenbaum.

Mwaka 2001 klabu ilitaka kuwa kampuni ya televisheni. Miaka 11 baadaye kampuni za televisheni ndizo zikaimiliki klabu. Kuanzia hapo kila mechi iliyorushwa Leafs TV ilikuwa mechi ambayo wamiliki wamejinyima kwenye chaneli zao kubwa, zenye wateja wengi zaidi na matangazo ya bei ya juu. Hakuna mfanyabiashara atakayeendelea na hilo kwa mapenzi.

Septemba 2012 kulikuwa na dalili nyingine. NHL Network ya Kanada, chaneli ya ligi yenyewe iliyoanza mwaka 2001, miaka sita kabla ya dada yake wa Marekani, ilifungwa. Ilikuwa na kipindi kizuri cha muhtasari wa mechi za kila usiku, NHL on the Fly. Lakini mechi kubwa zilikuwa kwingine, na muhtasari huo simu ya mkononi ilikuwa tayari inautoa bure.

Novemba 2013 Rogers walinunua haki zote za kitaifa za NHL kwa miaka 12, dola za Kanada bilioni 5.2. Msimu wa 2014/15 ulipoanza, mechi za kikanda za Leafs ziligawanywa kati ya Sportsnet na TSN. Leafs TV haikubakiwa na mechi ya msimu wa kawaida. Bowen alirudi redioni.

Kilichofuata ni kungojea tu. Desemba 2016 CRTC ikazilazimisha kampuni zote za kebo na setilaiti kuwaruhusu wateja wachague chaneli moja moja badala ya vifurushi vizima, na mtu alipoulizwa kama anataka kulipia marudio na mahojiano, jibu mnalijua. Maudhui ya klabu yakahamia mtandaoni. Wapo wanaosema intaneti ndiyo iliyoiua Leafs TV. Sikubaliani nao. Intaneti ilichukua mahojiano na vichekesho vya vyumba vya kubadilishia nguo. Mechi zilichukuliwa na televisheni, na bado ziko huko. Aprili 2025 Rogers na NHL walitangaza mkataba mwingine wa miaka 12, safari hii kwa dola bilioni 11. Mwaka huohuo Rogers walikamilisha kununua fungu la Bell ndani ya MLSE kwa bilioni 4.7. Mtu hatoi fedha hizo kwa kitu ambacho intaneti imekiua.

Nirudi kwetu kwa ufupi. Tumewahi kuona visimbuzi vya GTV, televisheni ya kulipia, vikigeuka mapambo ya sebule mnamo Januari 2009, kampuni ilipoanguka ikiwa na mechi za Ligi Kuu ya Uingereza mikononi. Nchini Tanzania, Azam Media ilisaini mwaka 2021 mkataba wa miaka 10 wa haki za Ligi Kuu, shilingi bilioni 225.6, na klabu nazo zinajenga vyombo vyake vya habari. Klabu itakayotaka kuwa na chaneli kamili itakuta kwamba mechi zake za ligi tayari zina mwenyewe, kama Leafs TV ilivyokuta mwaka 2014.

Kwa hiyo ombi langu ni kwa wahariri na waandishi wa michezo mliomo humu ukumbini. Chaneli mpya ya michezo inapozinduliwa, msirudi ofisini na picha za keki na hotuba ya mgeni rasmi peke yake. Ulizeni mkataba wa haki za mechi unamilikiwa na nani na unaisha tarehe gani, na jibu hilo mlichapishe katika aya ya kwanza.