Miruko mitatu, mchanga tunao

Msikilizaji, Ana Peleteiro wa Hispania alitwaa ubingwa wa dunia wa vijana katika miruko mitatu mwaka 2012, akiwa na miaka 16 tu. Medali ya Olimpiki ilimchelewea hadi 2021: shaba ya Tokyo, mita 14.87, chini ya kocha Mkyuba, Iván Pedroso. Desemba 2022 akajifungua. Juni 2024, mjini Roma, akawa bingwa wa Ulaya kwa mita 14.85. Mama mzazi, sentimita mbili tu pungufu ya rekodi yake! Hilo ndilo linalonigusa zaidi.

Hapa Horohoro, wilayani Mkinga, riadha kwetu ni mbio ndefu, na dhahabu ya dunia ya marathoni ya Mtanzania mwenzetu Alphonce Simbu ya 2025 tunajivunia. Lakini ng'ambo ya mpaka, Mkenya Julius Yego alijifunza kurusha mkuki kwa video za intaneti, na mwaka 2015 akawa bingwa wa dunia kwa mita 92.72. Nasi tunaweza kuanza na tulicho nacho: miruko mitatu inataka njia ya kukimbilia, ubao wa kurukia na shimo la mchanga. Mchanga pwani hii umejaa. Walimu wa Mkinga, nawasihi: chimbeni shimo, na wasichana wawe wa kwanza kuruka.