Kuku ni Wetu, Mbegu ni ya Nani?

(Hotuba iliyosomwa mbele ya wanachama na wananchi huko Kibakwe, Wilaya ya Mpwapwa)



Tumeombwa na tawi tuseme juu ya kuku. Baadhi yenu mmecheka mliposikia, na hatuwalaumu. Watu wa chama hutazamiwa kusema juu ya ardhi, na shule, na barabara. Kuku ni mambo ya jikoni. Lakini juma lililopita akina mama wa kikundi kimoja cha hapa walitujia na karatasi mkononi. Wameletewa shauri kwamba wauze matetea yao yote, wachukue mkopo, wajenge banda, kisha wapate vifaranga wa kisasa 200. Wakatuuliza, “Wanangu, ninyi mmesoma. Tutie sahihi au tusitie?” Siku ile hatukuwa na jibu. Tumekuja kulijibu leo mbele ya wote, maana swali lenyewe ni la wote.

Kwanza tuungame. Sisi tunaosema nanyi tuliwahi kuwafuga kuku hao. Tulipotoka chuo cha ualimu, vijana watatu tusio na kazi, tulichanga fedha tukanunua vifaranga 100. Tuliambiwa kwamba kwa majuma matano tutauza. Ni kweli, walikua kwa haraka ya ajabu. Jioni uliwaona hivi, asubuhi wameongezeka. Lakini walikula magunia sita ya chakula cha dukani, kila gunia kilo 50, na baridi ya vilima hivi ilitulazimisha kuwasha jiko la mkaa kila usiku katika majuma ya kwanza. Siku ya kuuza ilipofika, mnunuzi tuliyeahidiana naye akashusha bei. Tukasema tutangoja. Kungoja nini? Kuku wa kienyeji ukikosa bei humrudisha uani akaokota. Kuku yule ukimngoja siku tatu amekula faida. Ukimngoja juma, amekula na mtaji. Tukauza kwa bei ya mnunuzi, na deni likabaki letu.

Hatusemi haya ili mtuhurumie. Twayasema kwa sababu tulidhani kosa ni letu, kwamba hatukujua kufuga. Baadaye tulipochunguza habari za biashara hii duniani tukaona kwamba yaliyotupata sisi Kibakwe ndiyo yanayowapata wafugaji hata huko biashara hii ilikozaliwa.

Ilizaliwa Marekani. Mwaka 1923 mama mmoja wa jimbo la Delaware, Cecile Steele, aliagiza vifaranga 50 vya kuku wa mayai akaletewa 500 kwa makosa. Hakuvirudisha, alivikuza akaviuza kwa nyama, akapata faida, na majirani wakamwiga. Mwaka 1948 yakafanyika mashindano ya nchi nzima ya kumtafuta “Kuku wa Kesho”, mwenye kifua kinene na mapaja makubwa. Tangu hapo wataalamu hawakupumzika. Wenzao wa Chuo Kikuu cha Alberta, Kanada, walifuga mahali pamoja, kwa chakula kile kile, kuku wa mbegu ya mwaka 1957 na kuku wa mbegu ya mwaka 2005. Siku ya 56 yule wa kwanza alikuwa na gramu 905. Yule wa pili alikuwa na kilo 4.2.

Hiyo ni kazi kubwa ya elimu, wala hatuidharau. Leo wanachinjwa kuku zaidi ya bilioni 70 kila mwaka duniani, na nyama imemfikia mfanyakazi wa mjini ambaye zamani aliila sikukuu tu. Tena kuku huyu huhitaji chakula kidogo kuliko ng'ombe wa kunenepeshwa kwa kila kilo ya nyama anayotoa. Anayesema kuku wa kisasa ni sumu tupu anasema asilolijua.

Lakini tuulize swali la mkulima: mbegu ni ya nani?

Ninyi mnaolima mahindi ya chotara mnajua. Ukivuna leo ukapanda tena punje zile zile, mwaka wa pili shamba halirudishi kama lilivyotoa. Kuku wa nyama ni hivyo hivyo. Yeye ni mtoto wa koo mbalimbali zilizochanganywa kwa hesabu. Huchinjwa kabla hajataga, na hata angetaga, vifaranga vyake havingekuwa kama yeye. Kila mara hapana budi urudi kwa mwenye koo zile. Na wenye koo hizo ni wachache mno. Sehemu kubwa ya mbegu ya kuku wa nyama duniani imo mikononi mwa makampuni mawili: Aviagen, iliyo mali ya kundi la EW la Ujerumani, na Cobb-Vantress, iliyo mali ya Tyson ya Marekani. Hata pale wazazi wa vifaranga wanapofugwa katika nchi yetu, mbegu ya asili imefungiwa huko kwa wenyewe.

Mnakumbuka habari ya Namanga. Mwishoni mwa Oktoba, mwaka 2017, vifaranga 6,400 vilivyoletwa kutoka Kenya vilikamatwa mpakani na kuchomwa moto, kwa sababu nchi yetu ilikuwa imekataza kuingiza kuku kwa kuogopa mafua ya ndege. Watu wengi walisikitika kwa jinsi viumbe vile vilivyouawa, na majirani zetu wa Kenya walikasirika. Sisi twaongeza jambo moja. Tuligombana, ndugu kwa ndugu, juu ya kifaranga cha nani ni cha nani, hali kifaranga cha mabanda ya Kenya na kifaranga cha mabanda ya Dar es Salaam huweza kuwa wajukuu wa bibi mmoja, na bibi huyo si wa Kenya wala si wa Tanzania.

Huko Marekani kwenyewe mfugaji hafaidi kama mnavyodhani. Aghalabu kampuni humletea vifaranga, humletea chakula, humletea dawa, kisha huja kuwachukua kuku na kumlipa kiasi inachokipima yenyewe. Kuku si wake hata siku moja. Kilicho chake ni banda, na deni la banda, na samadi. Tazameni basi karatasi ya akina mama wetu. Banda juu yao, mkopo juu yao. Kifaranga, chakula, dawa na soko kwa mwingine. Tofauti iko wapi?

Afrika Magharibi wameonja upande mwingine wa jambo hili. Watu wa Ulaya wapenda kifua cha kuku. Mapaja na mabawa hugandishwa kwa barafu na kuuzwa Afrika kwa bei ambayo mfugaji wa kule hawezi kuishindania. Mwaka 2003 Bunge la Ghana lilipitisha sheria ya kupandisha ushuru wa kuku hao kutoka asilimia 20 hadi 40. Shirika la Fedha la Kimataifa halikuipenda, na sheria ile haikumaliza hata mwaka, ikafutwa. Mabanda mengi ya Ghana yakabaki matupu. Kameruni wananchi walipiga kelele mpaka mwaka 2006 serikali yao ikawapiga marufuku kuku wa barafu kutoka nje. Nchi mbili, taabu moja. Moja ilirudishwa nyuma na nyingine ikasimama.

Na ardhi nayo ina deni lake. Kuku hao wa mabilioni hula mahindi na soya. Huko Brazili mbuga na misitu ya Cerrado imefyekwa kwa maeneo makubwa ili kulima soya ya kulisha mifugo ya nchi za mbali. Uingereza, kando ya Mto Wye, kuku wamerundikwa kwa mamilioni, na samadi iliyozidi mashamba hutiririka mtoni, maji yakageuka kijani na viumbe vyake vikadhurika. Samadi ile ile ambayo kwenye shamba letu la karanga ni mali, huko imekuwa taka, kwa kuwa imekusanywa mahali pamoja kupita kiasi. Kwetu hapa madhara ni madogo bado, lakini yapo: mkaa wa kuwapasha joto vifaranga watoka katika miti ya vilima hivi vinavyotupa maji. Na dawa zinazomiminwa ovyo katika maji ya kuku huwafundisha vijidudu kuzoea dawa, hata siku mtoto akiugua dawa isimfae.

Sasa mtatuuliza: kuku wetu wa kienyeji ni bora basi? Tuseme kweli. Tetea wetu hutaga mara tatu hivi kwa mwaka, mayai kumi na mbili au kumi na tano kila mara. Jogoo huchukua miezi sita au zaidi kufikia kuuzwa. Vifaranga wengi huchukuliwa na mwewe na kicheche. Kisha huja mdondo. Kila mama hapa ameona: jana kuku ishirini, leo wamejikunyata shingo zimepinda, juma likiisha umebaki na manyoya. Ni ugonjwa huo, wala si uvivu wala uchawi, unaotufanya tuseme kuku wa kienyeji hana faida.

Na ugonjwa huo una kinga. Ipo chanjo inayoitwa I-2, iliyotokana na kazi ya wataalamu wa Australia, nayo hutengenezwa hapa hapa Tanzania. Huvumilia joto kuliko chanjo nyingine, kwa hiyo yafaa vijijini. Ni tone moja katika jicho moja la kuku, mkubwa kwa mdogo, mara tatu kwa mwaka bila kukosa, na apewe angali mzima. Aliyekwisha kuugua haiponyi. Chupa moja hutosha kuku wengi kuliko wa nyumba moja, ndiyo maana mtu peke yake huona ni gharama. Majirani wakichanga, gharama ya kuku mmoja ni ndogo kuliko bei ya yai lake.

Wengine watasema sisi watu wa Ugogo si watu wa mambo ya kitaalamu. Wapande kilima waende Mpwapwa mjini. Maabara ya mifugo pale ilianza mwaka 1905, wakati wa Wajerumani. Hapo hapo ndipo alipozalishwa ng'ombe anayeitwa Mpwapwa, kwa kuchanganya ng'ombe wetu wa asili na mbegu za nje, ili atoe maziwa na avumilie ukame wetu. Ikiwa ng'ombe mwenye jina la wilaya yetu amewezekana, kwa nini kuku asiwezekane? Mbegu tunayo tayari uani: inajua kujitafutia, inajua kulalia, inajua kumkimbia mwewe, na haina mwenyewe ila mama anayeifuga. Tukiiuza yote ili tununue ya mwingine, siku tukiitaka tena tutaikuta wapi?

Basi jibu letu kwa akina mama ni hili. Karatasi ile msiitie sahihi kama ilivyo. Anayetaka kufuga kuku wa kisasa na afuge, mmoja mmoja mwenye uwezo, akiwa na mnunuzi wa uhakika na bei iliyoandikwa kabla ya kifaranga kuingia bandani. Lakini matetea yasiuzwe. Kikundi kichange, si kwa mkopo, kinunue chanjo. Wachagueni vijana wawili waende kwa bwana mifugo wafundishwe kudondosha. Mashudu ya alizeti tunayoyaacha yaende kwa wengine yabaki yawalishe vifaranga katika majuma yao ya kwanza, nao wafungiwe wasiliwe na mwewe. Na wachuuzi wanapokuja na matenga yao ya kwenda Dodoma na Dar es Salaam, wakute kikundi kimoja chenye bei moja, wasikute akina mama arobaini kila mmoja na shida yake mlangoni.

Sisi watatu tumekwisha kulipa sehemu kubwa ya deni letu, na fedha iliyobaki ya mchango wetu tumeiweka mezani kwa Katibu asubuhi ya leo, iwe ya kwanza katika chupa ya kwanza. Si nyingi. Tarehe ya kudondosha itangazwe kabla hatujatawanyika, maana kiangazi ki karibu, na mdondo haungoji mkutano wa pili.